Boksi la Tsukamoto: chuma, nyama na kelele

Wacha nianze na kitu chenyewe. Boksi linaitwa Solid Metal Nightmares, limetolewa na Arrow Video, kampuni ya Uingereza ya kutoa muvi kwa diski, mwaka wa 2020, na ndani kuna muvi nane ndefu za Shinya Tsukamoto, mwelekezaji wa Japani, na mbili fupi, zote kwa diski nne za Blu-ray. Langu nililetewa na binamu yangu alipokuwa anarudi Nairobi kutoka Uingereza, na tangu liingie kwangu hapa Donholm sijaangalia kitu kingine kwa moyo hivi. Naandika ju wengi hapa wanaopenda muvi za kutisha wanamjua Tsukamoto kwa ile moja tu, Tetsuo, na wengi waliiona kwa vipande vipande vya klipu ama kwa faili imebanwa mpaka huoni uso wa mtu, halafu wanakwambia hiyo ni kelele tu haina stori. Hapana. Huyu ni mtu ametengeneza muvi zake kwa mikono yake mwenyewe zaidi ya miaka 30, na ukiziona zikiwa pamoja ndio unaelewa kwa nini zile za mwisho, zenye hakuna hata mtu mmoja anageuka chuma, zinauma vile vile na ile ya kwanza.

Kwa wasiomjua kabisa: amezaliwa Tokyo 1960, alianza kupiga muvi za milimita 8 akiwa na miaka 14, akasomea sanaa chuoni, akafanya kazi ya kutengeneza matangazo ya biashara, na kando ya hayo yote akaunda kikundi cha michezo ya jukwaani kinaitwa Kaijyu Theater. Hicho kikundi ndicho kikageuka kuwa kampuni yake ya muvi. Anaandika, anaelekeza, anashika kamera, anaediti, na karibu kila mara anaigiza pia, sana sana yule mtu anayekuja kuharibia wengine maisha. Alishawahi kufanya za kuajiriwa na studio, Hiruko the Goblin ya 1991 na Gemini ya 1999, na hizo hazimo humu ndani. Boksi limeshikilia zile zake mwenyewe, na kwa maoni yangu huo ni uamuzi mzuri hata kama Gemini naipenda sana.

Anza na ile fupi ya 1987, The Adventure of Denchu Kozo. Dakika 47 hivi, milimita 8, kijana ana nguzo ya umeme imeota mgongoni, anaruka kwenda wakati ujao na huko kuna vampaya wanataka kufunika dunia nzima na giza. Ilikuwa mchezo wa jukwaani kwanza, kisha akaitengeneza muvi, na mwaka wa 1988 ikashinda tuzo kuu ya tamasha la PIA kule Japani, lile ambalo limefungulia mlango waelekezaji wengi wa kujitegemea. Picha ni chafu, mwanga unaruka, waigizaji wanapiga mayowe mpaka mwisho. Lakini kila kitu atakachofanya baadaye tayari kiko hapo: mwili wenye kitu kigeni ndani yake, watu wanaosukumwa barabarani kwa kasi isiyo ya binadamu kwa sababu wamepigwa picha moja moja wakisogea kidogo kidogo, na yule mtu wa kawaida mnyonge ambaye hakuomba hayo yote.

Sasa Tetsuo: The Iron Man, 1989, dakika 67, nyeusi na nyeupe, milimita 16. Hii nitakaa nayo kidogo.

Jamaa mmoja, anaigizwa na Tsukamoto mwenyewe, anaingia kwa chumba kimejaa vyuma chakavu na picha za wanariadha ukutani, anajipasua paja na anasukuma chuma ndani. Anafunga kidonda. Baadaye anafungua anapata funza, anakimbia nje akipiga kelele, gari linamgonga. Aliyekuwa ndani ya hilo gari ni mfanyakazi wa ofisi, suti na miwani, anaigizwa na Tomorowo Taguchi ambaye pia alikuwa mwimbaji wa bendi ya punk. Halafu asubuhi moja huyu wa ofisi ananyoa ndevu na kwa shavu anaona kitu kidogo kimechomoza, kinang'aa. Anakigusa. Hapo ndipo Tsukamoto ananimaliza, ju hajaweka muziki wa kukuambia uogope, ameweka kioo, wembe, na uso wa mtu anayechelewa kazini, na unaanza kujipapasa shavu lako mwenyewe. Kutoka hapo mwili wake unageuka kipande kwa kipande mpaka huwezi kusema mtu ameishia wapi na takataka zimeanzia wapi, na mpenzi wake anashuhudia yote, na kuna ile sehemu ya mashine ya kutoboa ambayo sitaielezea hapa, lakini ujue iko, na usiiweke watoto wakiwa sebuleni.

Maneno ni machache sana. Hii ni muvi ambayo hata DJ Afro, yule wetu wa kutafsiri muvi za kigeni, angekuwa na kazi ngumu kuitafsiri kwa sababu hakuna mazungumzo ya kutafsiri, kuna pumzi, kuna chuma, na kuna muziki wa Chu Ishikawa. Na huo muziki, kama umewahi kupita Kamukunji pale jua kali saa nne asubuhi, wale wanaotengeneza masanduku na majiko na mikokoteni wote wakiwa wamepamba moto, kila mtu na nyundo yake na hakuna anayengoja mwenzake, basi unaujua tayari. Ishikawa anapiga chuma kwa chuma mpaka kelele inapata mdundo, na ukishaupata huo mdundo muvi inafunguka, unaona kwamba imeeditiwa kwa nyundo na sio kwa stori. Ndio maana kuisikiliza kwa spika za simu ni kuikosa nusu nzima.

Vile ilitengenezwa ndio kitu nataka kila kijana anayepiga muvi Nairobi asikie. Pesa hazikuwa. Nguo za chuma ni vipande vya vifaa vya umeme vilivyotupwa, vikabandikwa kwa mwigizaji mwilini. Sehemu kubwa ilipigwa ndani ya nyumba ya Kei Fujiwara, yule anayeigiza mpenzi wa jamaa, ambaye pia alishika kamera pamoja na Tsukamoto na baadaye akawa mwelekezaji kwa haki yake. Kazi ilivuta zaidi ya mwaka na watu wakaanza kuondoka mmoja mmoja, wakachoka, mpaka wakabaki wachache sana. Na ukiangalia ukijua hivyo unaona sababu ya kila kitu: kamera iko karibu na mwili kwa sababu chumba ni kidogo, mwendo ni wa kuruka ruka kwa sababu hakuna pesa ya njia nyingine ya kumfanya mtu apae barabarani, nyeusi na nyeupe inaficha gundi. Umaskini wa vifaa umekuwa mtindo. Halafu hiyo muvi ikaenda Roma, ikashinda tuzo kuu ya tamasha la muvi la Fantafestival mwaka huo huo wa 1989, na jina la jamaa likatoka nje ya Japani.

Tetsuo II: Body Hammer ya 1992 mimi naipa alama ya chini kuliko zote humu. Ina rangi, ina pesa zaidi, mtoto anatekwa na baba anaota bunduki kifuani, na bado kuna picha za kushangaza, ile bluu ya majengo na rangi ya moto wa kiwandani, lakini inajieleza sana. Ya kwanza haikueleza chochote na ndio nguvu yake. Iangalie mara moja uendelee.

Kwa sababu inayofuata ni Tokyo Fist, 1995, na kwangu hii ndiyo muvi bora kwa boksi lote, hata kushinda ile ya mtu wa chuma, na najua kuna watu watanibishia. Tsukamoto anaigiza Tsuda, jamaa anauza bima, anatembea siku nzima kwa joto kati ya maghorofa, anarudi nyumbani amechoka na mchumba wake Hizuru pia amechoka, wanakaa mbele ya televisheni. Anakutana na Kojima, walisoma pamoja shuleni, sasa ni bondia. Kojima anaigizwa na Kôji Tsukamoto, ndugu yake wa damu, na unaiona hiyo damu, kuna ugomvi kati yao ambao haufundishwi. Kojima anaanza kumtaka Hizuru, Tsuda anaenda kumtafuta wapigane, anapigwa ngumi moja na uso unavimba mpaka hautambuliki. Halafu naye anaingia jimu kujifunza ndondi.

Kitu ambacho wengi wanakiruka ni Hizuru. Kahori Fujii anamwigiza na yeye ndiye anayeenda mbali kuliko hao wanaume wawili. Anaanza na tatoo, anaendelea kwa kutoboa ngozi na kuweka vyuma, na kila akiumia anaonekana yuko hai zaidi, anasimama wima, anaongea bila kuomba ruhusa. Kuna damu inaruka kwa njia ambayo mwili wa binadamu hauwezi, inaruka kwa kipimo cha hasira, na Tsukamoto kati ya ngumi na ngumi anakata anaenda kwa majengo, ghorofa zilizopigwa kutoka chini, saruji na kioo, hakuna mtu. Nimeishi Nairobi maisha yangu yote, nimeona Upper Hill na Westlands zikipanda juu na Expressway ikifunika Mombasa Road mpaka ukiwa chini unatafuta jua, na hakuna muvi nyingine imewahi kunionyesha hiyo hisia ya kuwa na mwili laini ndani ya mji mgumu vile hii inafanya. Watu wake hawapendi maumivu. Wanayafuata kwa sababu ndio kitu pekee mji haujawanyang'anya. Hii ni muvi ya kutisha bila jini, bila muuaji mwenye kisu, na sijui ni wangapi wanaweza kuitengeneza.

Bullet Ballet ya 1998 inarudi kwa nyeusi na nyeupe. Mwelekezaji wa matangazo, Tsukamoto tena, anarudi nyumbani anapata mpenzi wake amejipiga risasi, na kuanzia hapo hana haja na kitu kingine isipokuwa kupata bunduki ya aina ile ile, kule Japani ambako bunduki haipatikani hivi hivi. Anajaribu kununua, anadanganywa, anajaribu kuitengeneza mwenyewe kwa vipande. Ni polepole kidogo katikati lakini vichochoro vyake vya usiku vimepigwa vizuri mno.

Halafu 2002 inakuja A Snake of June na unashangaa ni mtu yule yule. Yote ni rangi moja, bluu iliyopauka, na mvua hainyamazi tangu mwanzo, ju Juni ndio msimu wa mvua kule. Rinko, anaigizwa na Asuka Kurosawa, anafanya kazi ya kupokea simu za watu wenye msongo wa mawazo. Mume wake kazi yake ni kusugua sinki na bafu, usafi umemtawala, hata hawalali pamoja. Mtu mmoja mgonjwa ambaye Rinko alimwokoa asijiue anampiga picha kwa siri na kuanza kumlazimisha afanye mambo ambayo yeye mwenyewe aliyatamani akiwa peke yake. Hapa nitasema wazi: kuna sehemu zake za kukosesha raha kabisa, mwanamke anatishwa kwa picha zake, na kwa wakati huu ambao tunaona visa hivyo kila siku mtandaoni si kila mtu ataweza kuimaliza, na nitamwelewa. Lakini muvi iko upande wa Rinko. Kamera inamtazama kwa heshima inayozidi kila dakika mpaka ile sehemu ya mvuani ambapo ni mwili wake, chaguo lake, na wale wanaume wawili wamebaki watazamaji. Ilipata tuzo maalum ya waamuzi kwenye tamasha la muvi la Venice mwaka huo.

Vital ya 2004 ndiyo niliyotarajia kuiogopa na ikanifanya nilie. Tadanobu Asano ni mwanafunzi wa udaktari, amepoteza kumbukumbu kwa ajali ya gari, anaingia darasa la kupasua maiti na polepole anajua maiti iliyo mezani kwake ni ya msichana aliyekuwa naye ndani ya lile gari. Tsukamoto hakimbii tena. Anaketi na ule mwili wiki baada ya wiki, kila mshipa unachorwa kwa penseli, na kati ya vipindi vya darasa jamaa anakutana na yule msichana mahali pengine, ufukweni, akicheza dansi. Yule aliyekuwa akichana nyama kwa hasira miaka 15 nyuma sasa anauliza nani alikuwa anaishi ndani yake.

Haze, 2005, dakika 49, ndiyo fupi ya pili. Mtu anaamka ndani ya nafasi ya saruji nyembamba asiyoweza kusimama wala kugeuka, tumbo limejeruhiwa, hajui alifikaje. Ni hayo tu. Kuna mahali analazimika kusonga kando akiwa ameuma bomba la chuma, meno yakikwaruza chuma hatua kwa hatua, na sauti ya hayo meno nimeshindwa kuivumilia bila kupunguza. Imepigwa kwa kamera ya dijitali ya kawaida, na kwa mtu anayesema hawezi kufanya muvi ya kutisha kwa sababu hana vifaa, hii inatosha kuwa darasa zima.

Kotoko ya 2011 iangalie ukiwa sawa kichwani, na kama wewe au mtu wako amepitia kujidhuru, usiiangalie peke yako. Cocco, mwimbaji kutoka Okinawa, anaigiza mama mmoja ambaye anaona watu mara mbili, mmoja anatabasamu na mwingine anamrukia amuue, na hajui yupi ni wa kweli, na ako na mtoto mchanga mkononi. Ogopa hiyo. Kila ngazi, kila jiko, kila jirani anakuwa hatari. Kamera inatetemeka naye. Halafu anaimba, wimbo mzima, bila kukatwa, na unasahau kupumua. Ilishinda tuzo ya juu ya sehemu ya Orizzonti kule Venice.

Boksi linafungwa na Killing ya 2018, samurai kijana mwenye ustadi wote wa upanga ambaye hawezi kuua mtu, na kijiji kizima kinamsukuma aue. Chu Ishikawa alifariki Desemba 2017 kabla ya hii kukamilika, na Tsukamoto akachukua vipande vya muziki ambavyo rafiki yake aliviacha akaijenga nayo muvi. Ukiijua hiyo, kila ukisikia chuma kikigonga unasikia watu wawili waliofanya kazi pamoja tangu Tetsuo.

Sasa bidhaa yenyewe. Picha ni nzuri na sio kwa sababu imesafishwa ikang'aa, ni nzuri kwa sababu chembe za filamu zimeachwa, weusi wa Tetsuo ni mweusi kweli na unaona jasho na gundi na waya. Bluu ya A Snake of June peke yake inatosha kukuuzia. Denchu Kozo bado ni chafu na ndivyo inavyofaa kuwa. Sauti iko wazi, subtaito ni za Kiingereza peke yake. Tom Mes, ambaye ameandika kitabu kizima kuhusu Tsukamoto, anaongea juu ya muvi na anajua anachosema, anakupa stori za utengenezaji bila kukuhubiria, na kuna mahojiano na Tsukamoto mwenyewe, mtu mpole anaongea polepole, huwezi amini ndiye yule anayejipasua paja.

Malalamiko yangu ni kwa yale ambayo hayamo. Fires on the Plain ya 2014, muvi yake ya vita aliyoitengeneza kwa pesa za kujitafutia, ingekaa vizuri sana kati ya Kotoko na Killing, na bila hiyo kuna shimo, unaruka kutoka kwa mama mmoja nyumbani mpaka kwa samurai na huoni daraja. Nightmare Detective ya 2006 pia haimo ingawa hiyo naweza kuvumilia. Na boksi limeishia 2018, kwa hivyo Shadow of Fire ya 2023 utaitafuta kivyako.

Bei ni ya juu, tena ukiongeza kusafirisha na ushuru inauma, kwa hivyo kama unaweza kuchanga na marafiki wawili watatu na mzungushe fanyeni hivyo, muvi kumi hizi haziishi haraka. Kabla ya kulipa angalia rijoni ya diski, yaani sehemu ya dunia ambayo diski imefungiwa ichezwe: Kenya kwa Blu-ray tuko rijoni B, na ukiagiza toleo la Marekani pleya yako inaweza kulikataa. Hedifoni nzuri ni lazima kama unaishi kwa flati zenye kuta za kusikia jirani akikohoa. Usizifuate kwa mpangilio wa miaka ukiwa mgeni: anza na Tokyo Fist, kisha Tetsuo, kisha Vital, halafu zingine zote utaziingia ukiwa tayari unamjua mtu anayekuongelesha. Kotoko iache karibu na mwisho.